Giza, Sikio na Ushahidi: Lugha katika Filamu ya Taharuki ya Gharama Ndogo, Kibondo na Kasulu



Mihadhara ya umma kuhusu taaluma za Kiswahili imezoea kushughulikia sarufi, istilahi, sera ya lugha na fasihi ya magwiji. Mada niliyoichagua leo huenda ikawashangaza baadhi yenu. Nakusudia kuzungumzia filamu, tena filamu ya mauaji inayotengenezwa kwa fedha kidogo sana, na kuipeleka mahali pasipofikiriwa kabisa watu wanapotaja filamu: nyanda za juu za mkoa wa Kigoma, katika nchi ya Waha, yaani Kibondo na Kasulu kama zilivyokuwa kabla ya wilaya za Kakonko na Buhigwe kumegwa humo mwaka 2012.

Hoja yangu ni kwamba katika filamu ya aina hii mtazamaji huona kidogo na kusikia kingi. Kwa hiyo lugha hubeba mzigo ambao kwingineko hubebwa na fedha. Na katika nyanda hizi mzigo huo una hatari yake, kwa kuwa namna mtu anavyolitamka neno imewahi kuwa ushahidi dhidi yake.

Jina lenyewe

Nianze na istilahi, kama ilivyo desturi yetu. Wafaransa ndio waliozipa filamu hizi jina linalojulikana duniani, yaani film noir. Mwaka 1946, baada ya vita, sinema za Kimarekani zilizokuwa zimezuiwa kuingia Ufaransa zilimiminika Paris kwa mpigo, na mhakiki Nino Frank akalitumia neno hilo kuzielezea. Neno lilikuwa tayari kinywani mwa wasomaji, kwa sababu tangu mwaka 1945 kampuni ya Gallimard ilikuwa ikichapisha mfululizo wa riwaya za uhalifu ulioitwa Série noire. Kwa maneno mengine, jina la filamu lilizaliwa na jalada la kitabu. Jambo hilo tutalirejea.

Tafsiri sisisi ingekuwa "filamu nyeusi", lakini msikilizaji wa Kiswahili angedhani tunazungumzia filamu za watu weusi. Mimi natumia "filamu ya giza". Giza katika Kiswahili ni kukosekana kwa mwanga, ni kutojua, na ni hali ya mambo yaliyofichwa. Maana zote tatu zinahitajika hapa. Mintaarafu ya neno "taharuki", ambalo wahakiki wetu hulitumia kwa hali ya msomaji anayesubiri kwa wasiwasi, asili yake ni Kiarabu na maana yake huko ni mwendo tu. Kiswahili kimelihamisha kutoka miguuni hadi moyoni.

Umaskini unaoficha umaskini

Wapo wanaodhani kwamba giza la filamu hizi lilikuwa mapambo ya wasanii wenye falsafa nzito. Kwa sehemu ni kweli, maana waongozaji kadhaa walitoka Ulaya ya Kati wakiwa na mafunzo yao. Lakini sehemu nyingine ni hesabu ya fedha. Katika Detour ya mwaka 1945, iliyoongozwa na Edgar G. Ulmer kwa kampuni ndogo iliyokuwa mashuhuri kwa ubahili, kuna mandhari ambamo wapenzi wawili wanatembea usiku katika mji wa New York. Mji huo hauonekani. Kuna ukungu, na kinachojitokeza ndani yake ni taa na vibao. Aliyekosa fedha za kujenga mtaa hununua moshi.

Jambo la pili ni sauti ya msimulizi. Katika Double Indemnity ya Billy Wilder (1944) mtu aliyejeruhiwa anaungama kwa kuzungumza na mashine ya kunasia sauti, na filamu nzima ni maungamo hayo. Katika Sunset Boulevard ya mwongozaji huyo huyo (1950) msimulizi ni maiti. Sauti hiyo, pamoja na utamu wake, ni njia rahisi ya kuvuka yale ambayo yangegharimu siku nyingi za kupiga picha. Sentensi moja ya msimulizi yaweza kumtoa mtu Kigoma na kumfikisha Dar es Salaam bila kukodi basi wala treni.

Vitabu vilitangulia

Katika Kiswahili giza hili liliingia kwa kalamu kabla ya kamera. Mzimu wa Watu wa Kale wa Mohamed Said Abdulla, uliochapishwa mwaka 1960, ulitupatia Bwana Msa, mpelelezi wa Kizanzibari aliyechongwa kwa mfano wa Sherlock Holmes. Simu ya Kifo ya Faraji Katalambulla ilifuata mwaka 1965. Kisha akaja Elvis Musiba na Willy Gamba wake, kuanzia Kufa na Kupona (1974), na mpelelezi akawa sasa mtumishi wa dola anayeruka mipaka.

Lakini mwandishi anayetuhusu zaidi leo ni Ben Mtobwa (1958–2008), mzaliwa wa mkoa wa Kigoma. Mhusika wake Joram Kiango ni mzururaji zaidi kuliko askari, na riwaya yake Dar es Salaam Usiku hata katika jina lake inatangaza kwamba mji utasomwa kwa saa zake za giza. Nimewahi kuwasikia wenzangu wakiziita kazi hizi "fasihi nyepesi". Sikubaliani nao. Mwandishi anayeweza kukufanya usikie hatua za mtu nyuma ya mlango kwa maneno sita ana ujuzi wa lugha ambao baadhi ya washairi wetu wa mashindano wangeuonea wivu.

Jambo la kusikitisha ni kwamba filamu za video za Tanzania hazikuurithi ujuzi huo. Tasnia hiyo ilipochanua, hasa baada ya Girlfriend ya George Tyson (2003), ilipenda zaidi sebule zenye mwanga mkali, makochi mapya na magari. Sababu za kiufundi zipo: kamera za video za wakati ule zilishindwa usiku, na giza lilipogeuzwa kuwa kanda liligeuka chengachenga za kijivu. Sababu za kibiashara zipo pia, kwa kuwa mnunuzi alitaka kuiona nyumba asiyokuwa nayo. Hata hivyo athari yake kwa lugha ilikuwa mbaya. Kila kitu kinapoonekana, wahusika hubaki kuelezana yanayoonekana: "Naona umekuja." "Ndiyo, nimekuja."

Kamera za bei nafuu za leo huona gizani vizuri kuliko zile za miaka ishirini iliyopita. Udhuru wa kiufundi umekwisha.

Sauti ndani ya kibanda

Mtu akiniuliza kama watazamaji wa vijijini wako tayari kwa filamu ya kusikiliza, humjibu kwamba wamekuwa tayari muda mrefu. Katika vibanda vya video vya Tanzania na Uganda, filamu za kigeni zilionyeshwa na mfasiri aliyeketi na maikrofoni, akizungumza juu ya sauti za wahusika, akieleza, akikejeli, akiongeza yasiyokuwamo. Dar es Salaam alisifika Derek Mukandala, aliyejulikana zaidi kwa jina la Lufufu. Wapo waliofuata sauti yake kuliko waigizaji. Nchini Uganda mtu wa namna hiyo huitwa "VJ", na filamu ya Who Killed Captain Alex? (2010), iliyotengenezwa na Isaac Nabwana katika mtaa wa Wakaliga, Kampala, kwa gharama inayotajwa kuwa chini ya dola 200, imeenea duniani pamoja na sauti ya VJ Emmie juu yake. Ukiiondoa sauti hiyo unabakiwa na vijana wanaokimbizana na bunduki za kuchonga. Nayo Nairobi Half Life ya Tosh Gitonga (2012) inaanza na kijana wa kijijini anayeuza kanda za filamu kwa kuziigiza mbele ya wateja. Bidhaa yake hasa ni maneno.

Kibondo na Kasulu nako kulikuwa na skrini. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 shirika la FilmAid lilionyesha sinema za hadharani usiku kwa wakimbizi katika kambi za wilaya ya Kibondo. Umati ulioketi chini ulikuwa na lugha nyingi, na filamu nyingine hazikuwa katika lugha ya yeyote kati yao.

Usiku wa nyanda za juu

Filamu ya giza inahitaji usiku, na usiku wa Kibondo una tabia yake. Kwa miaka mingi umeme wa mkoa wa Kigoma ulitokana na majenereta ya dizeli. Mkoa uliunganishwa na gridi ya taifa mwaka 2022 tu. Mzee wa huko anajua saa ya usiku kwa sauti: jenereta likizimwa, mbwa husikika, kisha mvua juu ya bati. Barabara ya kutoka Nyakanazi kupitia Kibondo hadi Kasulu ilikuwa na sifa mbaya ya ujambazi wa kutumia silaha, hata mabasi yakasindikizwa na askari. Abiria wa zama zile wanaukumbuka ukimya uliokuwa ukiingia ndani ya basi dereva alipopunguza mwendo kabla ya kona. Mtunzi wa filamu hahitaji kubuni taharuki. Ipo kwenye kumbukumbu za watu.

Filamu nyingi za giza zina mji mkubwa ndani yake: Los Angeles, au Kinshasa ya Djo Munga katika Viva Riva! (2010), ambamo mafuta ya petroli ni bidhaa ya kuuliwa. Kasulu si Kinshasa. Lakini ina ukungu usionunuliwa, ina kandili, kibatari, tochi, na taa moja ya bodaboda inayokuja kwa mbali ambayo humulika uso kwa sekunde mbili na kuuacha. Ukuta wa udongo hunyonya mwanga, na shuka jeupe lililotandikwa upande wa pili huurudisha nusu yake kwenye shavu la mwigizaji. Hizo ndizo taa za filamu nzima. Kila shilingi inayookolewa hapo naishauri iende kwenye maikrofoni. Picha yenye giza mtazamaji huisamehe, pengine huipenda. Maneno yasiyosikika hayasamehewi. Na anayerekodi karibu na jenereta atalibeba jenereta hilo hadi mwisho wa kazi yake, kwa sababu hakuna uhariri utakaolitoa kabisa chini ya sauti za watu.

Mswada mmoja

Miaka kadhaa iliyopita vijana wa Kasulu waliniomba niupitie mswada wao kabla hawajauwasilisha kuomba kibali. Walitaka nisahihishe Kiswahili tu. Kisa ni hiki: mfanyabiashara wa maharage anakutwa ameuawa kando ya barabara kati ya Kasulu na Kibondo. Kachero anakuja kutoka Dar es Salaam. Shahidi pekee ni bibi kizee ambaye hakuona kitu, ila alisikia mtu akisalimu gizani. Muuaji anajulikana kuwa mgeni wa kutoka ng'ambo ya mpaka kwa sababu ya salamu hiyo. Anakamatwa. Mwisho.

Kiswahili chao kilikuwa kizuri. Kilichonisumbua ni isimu yao.

Kiha na Kirundi ni lugha za kundi moja. Katika uainishaji wa Guthrie Kirundi ni D62 na Kiha D66, pamoja na Kinyarwanda D61 na Kihangaza D65. Msemaji wa Kiha na msemaji wa Kirundi huelewana bila mkalimani. Salamu ya asubuhi ya Muha aghalabu ni "Mwakeye", na ya Mrundi "Bwakeye". Mzizi ni mmoja, ule wa kucha. Tofauti iko katika kiambishi tu, kwamba upande mmoja nyinyi ndio mliokucha na upande mwingine ni asubuhi yenyewe. Konsonanti moja ya midomo dhidi ya nyingine ya midomo, usiku, mvua ikinyesha, katika masikio ya kikongwe! Tena tofauti hizo hazifuati mpaka. Mwanamke aliyezaliwa Heru Juu akaolewa upande wa pili, au mtoto aliyelelewa na bibi kutoka huko, ana salamu zote mbili na hutumia yoyote kulingana na anayemkuta.

Mnakikumbuka kisa cha Shibolethi katika kitabu cha Waamuzi, mlango wa 12, ambapo watu waliulizwa kutamka neno moja vivukoni mwa Yordani, na aliyekosa aliuawa. Isimu ya mswada ule ilikuwa isimu ya vivukoni.

Wala hili si suala la nadharia tu. Mwaka 2013 wahamiaji wasio na vibali waliamriwa kuondoka katika mikoa ya Kagera, Kigoma na Geita, na mwezi Septemba ikaanza Operesheni Kimbunga. Maelfu waliondoka au waliondolewa, na miongoni mwao, kwa mujibu wa taarifa za wakati ule, walikuwamo watu waliodai kuwa raia wa Tanzania na walioishi nchini tangu utoto. Muha asiye na hati mkononi, akiulizwa yeye ni nani, ana nini cha kuonyesha isipokuwa kinywa chake? Na kinywa chake kinafanana na cha jirani. Filamu inayowafundisha watazamaji kwamba muuaji hujulikana kwa lafudhi inakwenda kuonyeshwa mbele ya watu hao hao, na mbele ya migambo wao.

Sikuwashauri wakifute kisa, wala wawafanye wageni wote kuwa malaika. Niliwashauri wamwache bibi asikie vilevile, kachero aamini vilevile, na kosa la sikio liwe ndiyo njia ya hadithi. Kachero wa pwani, aliyezoea kuamini kwamba Kiswahili chake hakina lafudhi, anamkamata mtu kwa konsonanti moja. Wenyeji wanajua kwamba konsonanti hiyo haithibitishi chochote, lakini hawamwambii, kila mmoja kwa sababu zake. Ukimya huo ndio giza halisi la filamu, na haugharimu hata senti.

Kiswahili kipi?

Vijana waliniuliza wahusika waseme Kiswahili gani. Swali zuri kuliko mengi niliyoulizwa na wahariri wa vitabu. Katika mkoa huu kuna kile cha shule na redio. Kuna cha Waha. Na tangu mwaka 1996 kambi ya Nyarugusu, wilayani Kasulu, imekuwa na maelfu ya Wakongo, wengi wao kutoka Kivu ya Kusini, ambao Kiswahili chao husema "batu banakuja" pale tunaposema "watu wanakuja". Kiambishi hicho cha ba- ni kile kile cha Kiha na Kirundi, na cha lugha nyingi za Kibantu. Kiswahili cha pwani ndicho kilichokwenda njia yake ya wa-. Katika vichekesho vyetu msemaji wa namna hiyo huletwa achekwe. Mtunzi makini atampa sentensi muhimu kuliko zote, aiseme taratibu, na hakuna atakayecheka.

Jambo la ofisini nitaligusa kwa ufupi. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inataka kibali kabla ya kupiga picha, na mswada hupelekwa Bodi ya Filamu. Kambi za wakimbizi zina utaratibu wake chini ya Wizara ya Mambo ya Ndani, na hakuna anayeingia na kamera kwa urafiki tu. Vijana wasio na fedha wafanye kama Ulmer: kambi isionekane. Isikike. Mlio wa filimbi ya mgao wa chakula nyuma ya kilima, sauti za watu wengi, na mhusika anayetazama upande huo bila kamera kumfuata.

Likabaki suala la maandishi ya tafsiri chini ya picha. Wauzaji huyataka, na kwa filamu nzima sina pingamizi, ilimradi yaandikwe na mtu anayejua lugha zote mbili. Pingamizi langu lilihusu mandhari moja, ile ya bibi kizee. Kachero amekaa kwenye kigoda, kibatari kimewekwa sakafuni, anamtaka bibi airudie ile salamu kama alivyoisikia. Bibi anaisema mara mbili, na mara hizo mbili hazifanani. Hapo niliwaomba wasiandike kitu chochote chini ya picha. Mtazamaji wa Dar es Salaam atasikia salamu ya Kiha tu, kama kachero alivyosikia, na atatikisa kichwa pamoja naye. Wa Kasulu ataanza kuhangaika kwenye kiti chake, maana mtu anakwenda kukamatwa na yeye amesikia kwa nini hapaswi kukamatwa.